Cathal Aliyeandikwa Charles

Cushendall, 9 Machi 1966

Baba,

Najua barua zangu hazijibiwi. Hii ni ya kumi tangu niolewe, na nilishajiambia kwamba ile ya tisa ndiyo ya mwisho. Lakini kuna jambo ambalo ni haki yako kulisikia kwangu kabla hujalisikia kwa watu wa sokoni.

Jumatano iliyopita nilijifungua mtoto wa kiume. Ana afya njema na sauti kubwa. Mume wangu Malachy hakuwahi, bado yuko Glasgow kwenye kazi ya handaki, na meli ilikuwa imeahirishwa kwa sababu ya upepo. Mama mkwe ndiye anayenitunza. Ananilisha uji wa shayiri na mwani mkavu, na hanisemeshi mambo ya dini, kwa hiyo usinihofie.

Siku ile nilipokuaga ulisema kwamba nikishapita mlango wa kanisa lao la Kikatoliki huna binti. Sikuombi uyafute maneno hayo. Nakuarifu tu kwamba una mjukuu.

Anaitwa Charles.

Mwanao,
Iris


Larne, 14 Machi 1966

Iris,

Barua yako imefika. Nimeisoma mara mbili nikiwa nimesimama, kisha nikaketi nikaisoma tena.

Nyumbani hatukuwa tukimtaja sana kaka yangu Charlie. Mama yako hakupenda, alisema nikimtaja silali. Nilikuwa na miaka kumi na minne alipoondoka na kikosi, yeye kumi na minane. Nilimsindikiza hadi stesheni na alinikataza kulia mbele ya wenzake. Tarehe mosi Julai 1916, huko Somme, Ufaransa, walitoka kwenye handaki asubuhi, na saa sita mchana hakuna aliyeweza kusema yuko wapi. Hakuna mwili uliopatikana. Mama alimwekea sahani mezani mwaka mzima.

Mwaka huu inatimia miaka hamsini. Tarehe mosi nitasimama ukumbini mbele ya wenzangu wa Orange, chama chetu Waprotestanti, na kusoma majina ya vijana wa Larne, na nikifika kwa kaka yangu nitasema kwamba jina lake limerudi duniani. Nimeshamwambia mchungaji.

Sikutegemea kwamba wewe, kati ya watu wote, ungemkumbuka.

Huko sitakuja. Hilo usiniombe, na mume wako nisimwone hapa. Lakini mtoto nitamwandikia, na siku yake ya kuzaliwa sitaisahau. Mfundishe kusimama wima.

Norman Esler


Glasgow, 2 Mei 1966

Mke wangu Iris,

Umeniandikia kurasa sita, na wenye neno ni wa sita tu. Tano za mwanzo ulikuwa unatafuta pa kushika.

Kwa hiyo mzee wako anaamini kwamba mwanangu amepewa jina la kaka yake, askari wa mfalme. Unasema hukudanganya, kwa kuwa padri kwenye kitabu cha ubatizo ameandika Carolus kwa Kilatini, na Carolus ni Charles, na Charles ndivyo Waingereza wanavyoandika Cathal. Haya. Umesoma kuliko mimi. Lakini cheti cha kuzaliwa kinasema Cathal, na mimi ndiye niliyemwomba mama akasimamie liandikwe hivyo.

Sikuwahi kukusimulia hii vizuri, kwa sababu kwetu haisimuliwi. Babu yangu Cathal alipopelekwa shule hakujua neno hata moja la Kiingereza. Mwalimu alimuuliza jina, akajibu. Mwalimu akaandika Charles. Kesho yake akaita Charles McAuley, na mtoto akakaa kimya, kwa kuwa hakujua anaitwa nani. Akachapwa kwa kiburi. Alichapwa wiki nzima kabla hajang'amua kwamba Charles ni yeye. Alikufa mimi nikiwa na miaka tisa, na wakati huo bondeni kwetu hakuna aliyebaki wa kuzungumza naye lugha yetu ya Kiayalandi. Siku zake za mwisho alikuwa akizungumza na mbwa, na mbwa alimwelewa.

Cathal maana yake ni mwenye nguvu vitani. Babu hakupigana vita vyovyote zaidi ya hivyo vya shuleni, na alishindwa.

Wewe una baba mmoja tu, naelewa. Mwandikie utakavyo. Ila mimi jina la Charles siliandiki kwa mkono wangu, na mtoto asiitwe hivyo ndani ya nyumba. Na siku mzee akijua, usije kuniambia sikukuambia.

Wako,
Malachy


Cushendall, 7 Machi 1976

Kwa Babu Norman,

Asante kwa darubini. Nimeiona meli ya Scotland mpaka nikaona watu juu yake. Mama huwa anaandika barua za asante yeye mwenyewe, lakini sasa nina miaka kumi, kwa hiyo naandika mimi. Anwani nimeipata kwenye karatasi ya kifurushi. Mama hajui, nitamwambia ukijibu.

Mwalimu wetu ametuambia tuandike habari ya majina yetu, maana yake na yametoka wapi. Tuwaulize wazee wa pande zote mbili, upande wa baba ukurasa mmoja na upande wa mama ukurasa mmoja. Wa baba nimeumaliza. Baba amesema Cathal ni jina la babu yake, na neno la kwanza ndani yake ni vita, na zamani wafalme wa Connacht waliitwa hivyo. Linatamkwa Kahal, ile t unaiacha. Baba amesema babu yake alichapwa shuleni kwa ajili ya jina hilo. Hiyo sitaiandika, kwa sababu nilipomuuliza zaidi alitoka nje.

Nataka uniambie wewe jina la Cathal unalijua kutoka wapi. Na mbona kwenye kadi unaniita Charles? Mama anasema ni jina lako la utani kwangu. Silikatai, lakini nataka kujua limetoka wapi ili niliandike.

Pia nataka kukuona. Rafiki yangu Colla ana babu wawili na wote anawaona. Mama anasema barabara ya pwani ina askari wengi, lakini basi la wauza samaki linapita kila siku na halisimamishwi sana.

Kazi inatakiwa Ijumaa ya wiki ijayo.

Mjukuu wako,
Cathal McAuley


Larne, 10 Machi 1976

Iris,

Barua ya mtoto naiambatanisha. Isome.

Miaka kumi. Nimesimama mbele ya watu kila Julai kwa miaka kumi nikasema jina la Charlie liko hai huko bondeni. Wengine walilia. Mjane wa Bob McIlroy alimfumia mtoto sweta ya bluu kwa sababu hiyo tu, na wewe ukaipokea na kuandika asante.

Ungeniambia siku ya kwanza ningekasirika, basi. Wewe uliniacha nifurahi.

Usiniandikie tena. Mtoto mwambie lolote upendalo, umeshazoea.

N. Esler


Cushendall, 15 Machi 1976

Baba,

Nimekosa. Naandika neno hilo peke yake ili ulione, kwa kuwa yanayofuata hayatakupendeza.

Nilikuandikia barua tisa. Nilikuandikia mimba ya kwanza ilipotoka, na hukuniuliza hata kama nilipona. Nilikuandikia siku Malachy alipovunjika mkono. Barua tisa hazikukufanya uchukue kalamu, ila jina moja likakufanya uichukue. Nililala hospitalini nikiwa na mtoto kifuani, nikafikiri ni jina gani litakalomfanya baba yangu anijibu, na nikalijua mara moja. Ndiyo dhambi yangu. Sasa niambie, ningeandika Cathal ungejibu?

Kila mwaka nilijiambia nitakueleza, na kila mwaka kifurushi chako kilifika kikiwa na mwandiko wako, nami nikanyamaza ili kije kingine.

Mtoto alikuwa akimngojea mtu wa posta langoni kila asubuhi. Bahasha ilipofika ikiwa na jina langu, aliniletea mbio na kukaa kando yangu niifungue. Aliona barua yake mwenyewe imerudi. Akauliza, "Hajaipenda?" Nilimweleza yote, na nilimwambia kweli, labda kwa mara ya kwanza. Hakulia. Aliuliza kama Charles wa kwanza alikuwa mtu mzuri. Nilimjibu kwamba watu wanasema alikuwa mzuri sana.

Ijumaa alipeleka daftari likiwa na ukurasa mmoja ulioandikwa na mmoja mweupe. Mwalimu alimpa nusu ya alama.

Unikasirikie mimi. Yeye alikuuliza swali tu.

Iris


Larne, 19 Oktoba 1984

Kwa Bi. McAuley,

Hunijui. Mimi ni Myrtle Agnew, jirani wa marehemu baba yako. Pole sana kukupa habari kwa namna hii. Mzee Norman alifariki tarehe mbili mwezi huu, moyo, jikoni kwake, na tukamzika tarehe tano. Mchungaji aliuliza kama ana mtu, na wenzake wa ukumbini wakasema hana. Mimi nilijua yupo binti, lakini jina lako la ndoa na mahali ulipo sikujua, na yeye hakutaka kusema. Ni juzi tu, nikiwa natoa vitu kwenye saraka ya meza yake, nimekuta bahasha ninayokutumia humu. Anwani yenu iko juu yake. Kama unavyoona imerudishwa, na haijafunguliwa. Sijaifungua mimi pia, ingawa si kwamba sikutamani.

Mimi si mtu wa kuingilia ya watu, lakini miaka ishirini ukuta mmoja, huwezi kujifanya kiziwi. Bahasha hiyo ilirudi Januari. Alinionyesha yale maneno yaliyoandikwa juu kwa wino mwekundu, akasema, "Ni Esler huyu. Hata hatujaonana, ni Esler kamili." Nilidhani anatania, lakini uso wake haukuwa wa utani.

Jambo lingine silielewi mpaka leo, labda wewe utalielewa. Februari yote, kila Jumamosi, alivaa koti lake la kanisani akaenda kusimama kituo cha basi asubuhi. Jumamosi nne. Moja ilinyesha theluji, nikamfuata na mwavuli, nikamwambia, mzee, unamngoja nani? Akanijibu kwamba hamngoji mtu, ana haki ya kusimama. Tulidhani akili inaanza kumtoka.

Nyumba ilikuwa ya kupanga. Hakuna kilichobaki cha kugombewa.

Kwa masikitiko,
Myrtle Agnew


Cushendall, 24 Oktoba 1984

Mwanangu Cathal,

Babu yako wa Larne amefariki, na ameshazikwa. Nimelijua hili kwa jirani, siku kumi na saba baadaye. Sikukupigia simu hapo chuoni kwa sababu nisingeweza kusema yanayofuata huku nikisikia pumzi yako.

Januari alikuletea barua. Wewe ulikuwa bado nyumbani, mimi labda nilikuwa dukani. Juu ya bahasha ameandika Bwana Charles McAuley, na chini yake kuna maneno kwa wino mwekundu: "Hakuna mtu wa jina hili katika nyumba hii. Irudishwe." Mwandiko ni wako, Cathal. Hukuniambia, na sikulaumu. Nani alikufundisha kuficha barua kama si mimi.

Niliifungua juzi mezani. Nimeinakili hapa neno kwa neno, kwa kuwa ile yenyewe siwezi kuikabidhi posta tena.

"Larne, 11 Januari 1984. Cathal. Ni mara ya kwanza kuliandika jina hili. Nimejaribu kwanza pembeni mwa gazeti, nisije nikakosea. Nje ya bahasha utaona nimeandika lile lingine. Msichana wa posta ni mjukuu wa mwenzangu wa ukumbini, na mimi ni mzee mwoga. Usikasirike kabla hujasoma.

"Ulipokuwa na miaka kumi uliniuliza jina lako nalijua kutoka wapi. Nimechelewa miaka minane kukujibu. Nalijua kwa mama yangu. Baba yake aliitwa Charles McKillop, mzee wa kanisa letu, na kaka yangu alipewa jina lake. Lakini alizaliwa bondeni huko huko kwenu, na alizaliwa Cathal. Alibadili kanisa na jina akiwa kijana ili apewe shamba la kulima. Mama alituambia mara moja tu, Charlie na mimi, na akatuapisha. Charlie alicheka. Siku aliyoondoka, pale stesheni, alinipa mkono akaniambia, Cathal McKillop wa pili anakwenda kumpigania mfalme. Sijawahi kumwambia mtu hilo.

"Kwa hiyo mama yako hakunidanganya kama anavyodhani. Jina ni lile lile moja. Nililijua siku niliyoisoma barua yako, na ndiyo maana sikuweza kukujibu. Ningekujibu nini mimi, ninayesimama kila Julai na mkanda wa rangi ya chungwa kifuani? Ilikuwa rahisi zaidi kumkasirikia yeye. Nimemkasirikia miaka minane kwa uongo ambao ni wangu.

"Ningependa kukuona. Basi la Jumamosi linafika hapa saa tano asubuhi. Nitakuwa kituoni Jumamosi zote za Februari. Kama hutaki kuja, sitakuuliza sababu. Babu yako, Norman."

Ndiyo hiyo yote. Jirani anasema alikwenda Jumamosi zote nne, ingawa barua ilikuwa imeshamrudia.

Nimempa baba yako aisome. Aliisoma akiwa amesimama, akaikunja, akaenda kuangalia kondoo. Aliporudi alisema tu kwamba akina McKillop shamba lao lilikuwa linapakana na letu.

Usije nyumbani kwa ajili yangu. Sina machozi, nina hasira tu, na sijui niipeleke kwa nani.

Mama


Galway, 12 Novemba 1984

Mama,

Ndiyo, ni mimi. Nakumbuka siku yenyewe. Nilikuwa natoka shuleni, nimevuliwa viatu na askari wa Waingereza kwenye kizuizi cha Glenarm kwa sababu ya jina lililo kwenye kitambulisho changu. Nikafika nyumbani nikakuta lile lingine mlangoni. Nilitafuta wino mwekundu makusudi. Niliona raha mpaka jioni.

Jumamosi nilikwenda Larne. Ijumaa nilipanda treni mpaka Belfast, nikalala kwa rafiki, asubuhi nikaendelea. Sikupita kituo cha basi, niliomba kuelekezwa njia nyingine.

Makaburi yao yako juu, yanatazama bandari. Langoni kulikuwa na mzee anafagia majani, ana beji ndogo ya chungwa kwenye kola. Aliniuliza namtafuta nani. Nikasema Norman Esler. Akanitazama koti, viatu, akauliza mimi ni nani wake. Nikasema mjukuu.

"Jina lako nani, kijana?"

Mama, mimi ndiye niliyewasomesha wenzangu chuoni hapa historia ya jina hili. Nimebishana nalo na askari wenye bunduki, nikawaandikia herufi kwa herufi walipojifanya hawasikii. Nimechapwa kibao kwa ajili yake na nikalirudia. Pale langoni hakuna aliyenishikia kitu. Ni mzee na fagio.

Nikasema, "Charles."

Uso wake ukafunguka. Akaegesha fagio, akanishika mkono kwa mikono yake yote miwili. Alisema wanalijua jina langu tangu nilipozaliwa, kwamba mzee alikuwa akilitaja ukumbini kila Julai, kisha mwaka mmoja akaacha, na wao wakadhani nimekufa. Akanipeleka mpaka kwenye kaburi. Akavua kofia, akarudi nyuma kidogo kuniachia nafasi.

Bado ni udongo tu na namba kwenye kijiti. Nilitaka kumwambia jina langu. Nilitaka alisikie angalau mara moja kwa sauti yangu, kwa kuwa alishajitahidi kuliandika. Lakini yule mzee alikuwa hajaenda mbali. Alikuwa amesimama na kofia mkononi, ananitazama kwa upendo, nami nilijua upendo huo utaishia wapi nikifungua mdomo.

Nilisimama dakika kumi hivi. Kisha nikamshukuru yule mzee, akaniambia, "Karibu tena, Charles," nami nikaitikia.

Mwambie Baba kwamba nilifika kaburini. Nilichojibu langoni usimwambie.

Mwanao,
Cathal